Kicheko Hakikuja

Ukisikia mtoto analia, unageuka. Hata kama si wako, shingo inageuka yenyewe. Shingo yangu mimi iliacha kugeuka kwa miezi mitano, na mtoto aliyekuwa analia ni wa kwangu. Nawaandikia hasa kina mama wenye mtoto mdogo na simu nzuri ndani ya nyumba moja.

Kazi yangu ni kupiga pasi kwenye duka la dobi. Mezani tuko wawili, mimi na mzee mmoja tunayemwita Mzee Mvuke, kwa sababu amesimama kwenye mvuke miaka mingi mpaka miwani yake haikauki. Nyuma yetu kuna chumba cha mashine za kufulia, na humo kuna kasha la mbao, kubwa, ndimo tunamoweka mashuka ya nyumba ya wageni yakishakunjwa. Kasha lina kifuniko kizito na komeo la chuma linalojiangukia lenyewe. Liliwekwa kwa ajili ya panya. Mashuka ni meupe yenye pindo la bluu, na likichanika moja, tajiri wetu anampa yeyote kati yetu akatumie kwake. Hivyo ndivyo shuka moja la namna hiyo lilivyofika nyumbani kwangu.

Nyumbani tuko wanne: mimi, mume wangu ambaye ni fundi wa milango, wifi yangu ambaye ni mdogo wake mume wangu, na mtoto wetu wa kike, wakati huo wa miaka minne na nusu. Tulimwita Chiriku kwa maneno yake. Alikuwa anaoga anaongea, anakula anaongea, usingizi unamkuta katikati ya habari, na asubuhi anaanzia pale pale alipoishia.

Wifi alikuwa na ukurasa wake mtandaoni, wa vituko vya nyumbani. Chiriku akidondosha uji, anapigwa video. Akivaa viatu vya baba yake, video. Watu walikuwa wanapenda, na mimi nilikuwa napenda kwamba wanapenda, nisiwafiche. Jumamosi moja wifi akanijia na simu mkononi.

"Wifi, kuna mchezo. Unasimama mlangoni, unainua shuka mbele yako mpaka lipite kichwa. Mtoto yuko upande huu, anaona shuka tu. Halafu unaliachia, unaruka nyuma ya ukuta. Shuka linaanguka, mama hayupo."

"Na akilia?"

"Akilia ndiyo tamu zaidi. Wewe si unarudi saa hiyo hiyo?"

Nikachukua lile shuka la pindo la bluu. Nikaliinua, nikaliachia, nikaruka. Nyuma ya ukuta nilimsikia Chiriku amenyamaza kwanza, halafu akalishika shuka pale chini akalifunua, halafu akaanza.

"Mama. Mama, uko wapi? Rudi, mama, sitarudia."

Hakuwa amekosa kitu. Lakini mtoto akiachwa hudhani amekosa. Wifi akacheka kile kicheko chake cha kuvuta pumzi ndani, kama bawaba inayodai mafuta, na mimi nyuma ya ukuta niliziba mdomo kwa kiganja kwa sababu nilikuwa nacheka pia.

Nikatoka, nikambeba. Wifi akaangalia simu yake.

"Mwanga haukutosha. Turudie mara moja tu."

Tukarudia. Nilidhani mara ya pili ataelewa ni mchezo. Alilia kuliko mara ya kwanza. Ile ya pili ndiyo iliyosambaa.

Wiki haikuisha, kila mtu alikuwa nayo. Duka moja likamletea wifi sufuria za zawadi. Mafundi wenzake mume wangu walimwita "baba yake sitarudia", naye akatabasamu kama mtu aliyepewa cheo. Kisha wakatokea watu wajanja, sijui ni nani, wakakata ile sauti peke yake, wakaifanya mlio wa simu. Simu ikiita, mtoto wangu analia: mama, mama, uko wapi, rudi, mama, sitarudia. Halafu anacheka wifi, kicheko kile kile, mlio umeisha. Usipopokea, unaanza upya.

Mara ya kwanza niliusikia kazini, saa nne asubuhi. Nilikuwa nachambua nguo chafu zilizoletwa, rundo linanifika kifuani, na ndani ya rundo Chiriku akaniita. Nilizamisha mikono. Nilitupa mashati, nilitupa mapazia, nikafika chini kabisa napapasa sakafu. Mzee Mvuke akaja taratibu, akavuta suruali moja, akatoa simu mfukoni.

"Mwanao yuko kwenye suruali namba arobaini na mbili," akasema.

Tulicheka, maana ungefanya nini. Kisha nikaanza kuokota mashati niliyoyatupa.

Wateja wetu husahau simu mifukoni kila wiki, na duka letu lina sheria: simu ya mteja haipokelewi wala haizimwi. Inatiwa kwenye kopo la bati juu ya rafu mpaka mwenyewe aje. Sheria ilikuja baada ya msichana mmoja wa hapa kupokea simu ya mteja kwa heshima zake zote, kumbe aliyepiga ni mke wa mteja. Yule mama alikuja na mwiko. Basi tangu hapo simu inaachwa iite mpaka ichoke. Ikawa mchana, tukiwa tumekaa tunakula, kopo linalia kwa sauti ya mtoto wangu. Kuna siku zilikuwa simu tatu humo zikaitana. Chiriku watatu ndani ya kopo, hawaanzi pamoja, kila mmoja ananitafuta kwa wakati wake.

Nikazoea. Hilo ndilo nataka mlisikie. Mwezi wa kwanza nilikuwa naruka, mwezi wa pili nikawa nainua macho tu, mwezi wa tatu nikawa naendelea na kola ya shati. Mwili wangu ulijifunza kusubiri kicheko mwishoni. Kikija, unapumua, unageuza shati upande wa pili.

Nyumbani Chiriku alianza kufunua mashuka. Kila asubuhi, kitanda chetu, kitanda cha shangazi yake, hata nguo zilizoanikwa uani, anainua pindo anachungulia chini.

"Unatafuta nini, mwanangu?"

"Mama."

"Si mimi hapa?"

Akanitazama kwa adabu, kama unavyomtazama mgeni ambaye hutaki kumuumiza.

"Wewe ni mama wa kurudi. Mimi namtafuta mama wa kwanza."

Nikajifanya nacheka. Nikamuuliza mama wa kwanza yuko wapi. Akasema aliingia kwenye shuka, akaitwa, hakusikia. Na maneno yake mengi yakaanza kupungua. Habari alizoziacha usiku hakuzimalizia tena asubuhi. Chekechea, wenzake walikuwa wanamrushia sweta kichwani na kukimbia, wanasema sitarudia, sitarudia, na mwalimu mwenyewe aliniambia kwa kicheko. Watu wazima barabarani walimfanyia vile vile, watu nisiowajua hata kwa sura. Mama mmoja kwenye foleni ya maji aliinama akamwambia, "Hebu lia kidogo nikusikie."

Nikamwendea wifi jikoni.

"Wifi yangu, ifute ile video."

"Nikifuta mimi, walio nayo nitawafuataje? Maji yakimwagika hayazoleki, wifi."

"Mtoto ananiita mama wa kurudi."

"Ndiyo maneno yake hayo, si unamjua." Akakoroga sufuria. "Ungesema mapema tungemrekodi."

Nikamwambia mume wangu. Alikuwa anakwangua gundi kwenye vidole.

"Unakuza mambo, mama Chiriku. Umri ule anakumbuka nini? Mwaka ujao ataicheka mwenyewe."

Nikanyamaza, na kunyamaza kwangu nako nakuandika hapa, maana shuka nililishika mimi, wala sikushikishwa.

Siku yenyewe ilikuwa katikati ya wiki. Chekechea walikuwa wamefunga, wifi amekwenda kwenye harusi ya rafiki yake, nikaenda na Chiriku kazini. Nilimweka chini ya meza yangu ya pasi na bakuli la vifungo vilivyodondoka, avipange kwa rangi. Alifanya kazi nzuri, kimya. Mzee Mvuke aliinama akamwambia, "Binti, ukimaliza hapo nitakuajiri, huyu mama yako mvivu." Hakujibu. Zamani angemjibu mpaka mzee aombe radhi.

Saa nane msichana anayehudumia mashine za kufulia akapita amebeba mashuka ya wageni mpaka kidevuni, anayapeleka kwenye kasha. Chiriku akatoka chini ya meza.

"Mama, yale ya bluu yanatoka wapi?"

"Nyumba ya wageni."

"Wageni ni nani?"

"Watu walioondoka kwao."

"Wanarudi?"

"Wakitaka wanarudi," nikasema. Nilikuwa na koti la bwana harusi mezani, kitambaa kinachoungua upesi, na akili yangu yote ilikuwa kwenye koti.

Akarudi chini ya meza. Nilisikia vifungo vinagonga bakuli. Sikumbuki viliacha saa ngapi kugonga. Nimejaribu sana kukumbuka.

Msichana wa mashine akatoka kwenda kununua sabuni. Mashine moja ikawa inakamua kwa kishindo. Na nikasikia, mbali, kama chini ya godoro: mama, mama, uko wapi.

"Simu hiyo tena," nikasema.

"Iache," akasema Mzee Mvuke bila kuinua kichwa. "Itacheka sasa hivi ituache."

Rudi, mama, sitarudia. Nikabonyeza mvuke. Nikalaza kola. Mwili wangu ukasubiri kicheko.

Kicheko hakikuja.

Nilidhani mashine imekizima. Sauti ikaanza tena, mama, mama, uko wapi, maneno yale yale, maana alikuwa anaita kwa maneno aliyoyajua. Nikasema moyoni mtu huyu anapigiwa sana leo, atakuwa na deni. Nikageuza mkono wa koti. Rudi, mama. Nikasubiri. Hakikuja. Mara ya tatu sauti ilikuwa ndogo zaidi, na simu haichoki hivyo. Simu haipungukiwi na pumzi.

Nikainama chini ya meza. Vifungo vilikuwa vimepangwa, vyeupe peke yake, vyeusi peke yake, vya bluu vimewekwa mstari kuelekea chumba cha nyuma.

Nilikimbia, na katika kukimbia kopo likalia. Juu ya rafu, upande wa mlango wa mbele, mtoto wangu akaniita kwa nguvu na kwa uzuri, na mimi, mama yake, niligeuka nikakimbilia huko. Hatua nne, tano. Nilikuwa nimeshaweka mikono kwenye bati ndipo wifi akacheka ndani yake. Kicheko kile ndicho kilichonigeuza. Mpaka leo sijui nikishukuru au nikilaani.

Kasha lilikuwa kimya. Komeo lilikuwa limeanguka. Mzee Mvuke aliyekuwa nyuma yangu alilipiga kwa pasi, tukainua kifuniko wote wawili. Yalikuwa mashuka tu, yamelala sawasawa kama hayajaguswa. Nikaanza kufunua. La kwanza, la pili, la tatu, kama yeye anavyofunua kila asubuhi, na kila moja nililofunua chini yake kulikuwa na jingine.

Alikuwa chini kabisa. Amelowa jasho, macho wazi, amezibwa mdomo. Ninasema amezibwa kwa sababu ndivyo nilivyoona. Kilikuwa kiganja chake mwenyewe, bila shaka, maana nilipombeba kilidondoka.

Mzee alimpokea akampeleka mlangoni penye upepo. Alipumua. Alikohoa. Hakulia. Kwenye zahanati nesi alimpima akasema ana bahati, hewa ilikuwa inaingia kidogo kwenye tundu la komeo, dakika kumi zaidi tungesema mengine. Halafu akamtazama usoni vizuri.

"Si huyu ndiye wa rudi-mama-sitarudia?" Mkono wake ukawa tayari umeingia mfukoni kutafuta simu. Mzee Mvuke, ambaye sijawahi kumsikia akipandisha sauti, alisema polepole, "Mwanangu, ukiitoa hiyo, nitaitia kwenye maji." Nesi akautoa mkono mtupu.

Nilipobaki naye peke yangu, Chiriku akaniambia kwenye sikio.

"Nilimpata."

"Nani, mwanangu?"

"Mama wa kwanza. Alikuwa chini kule. Nilikuita wewe, hukuja, ndiyo akaja yeye. Akaniziba mdomo. Akasema usilie, wakisikia watacheka."

Kwenye shavu lake kulikuwa na alama za vidole, nyekundu. Nesi alisema mtoto amejibana mwenyewe kwa hofu, na hewa ikipungua mtu huona mambo. Nakubali. Niliupeleka mkono wangu karibu na zile alama nipime ukubwa, halafu nikaurudisha mapajani. Sijapima. Sitaki kujua kama vidole vyangu vinaenea.

Wifi alirudi na nguo zake za harusi, akasikia, akakaa chini sakafuni na gauni lake. Alifuta video zote usiku huo huo bila kuambiwa. Alimwomba radhi Chiriku kwa magoti, na Chiriku akamtazama mkononi kwanza, kuona kama ameshika simu. Mume wangu aling'oa komeo la kasha kwa nyundo yake mwenyewe, kisha akakaa juu ya kifuniko muda mrefu. Siwalaumu kuliko ninavyojilaumu.

Lakini alichosema wifi jikoni kilikuwa kweli, hayazoleki. Juzi tu kijana amepita nje ya duka na mtoto wangu analia mfukoni mwake. Ataendelea kulia huko nitakapokuwa mzee. Atakapokuwa na watoto wake, bado atakuwa ana miaka minne na nusu ndani ya suruali ya mtu, ananiomba nirudi.

Na yeye mwenyewe sasa halii. Mwezi uliopita alikanyaga kipande cha chupa uani. Nilikuwa naanua nguo, hatua mbili kutoka kwake, mgongo nimempa. Sikusikia kitu. Nilipogeuka nilimkuta ameketi, damu inatiririka hadi kisiginoni, kiganja kiko mdomoni, ananitazama tu kama nitagundua. Basi siku hizi nasikiliza kimya. Bakuli likiacha kugonga, nageuka. Nyayo zikisimama, nageuka. Shingo inaniuma kwa kugeuka, iume tu.

Mwenzangu, kama una video ya mtoto wako analia na umeiweka watu wacheke, usijiambie ni ndogo. Ile sauti alipewa kwa ajili ya kukuita wewe. Ukiigawa, siku atakayokuita sauti hiyo itakuwa na wenyewe wengi, na wewe utakuwa mmoja wao, umesimama na pasi yako unasubiri ichekeshe.

Tangu siku ile hajaniita mama kwa sauti. Ila tumetafutiana njia nyingine, mimi na yeye, ya kuniita akinihitaji. Aliibuni mwenyewe, akanifundisha uani tukiwa wawili, na nikiisikia popote, katikati ya mashine na mvuke, najua ni yeye na si kopo. Juzi aliitumia kwa mara ya kwanza. Niliacha pasi juu ya shati la mtu likaungua, nikaenda. Alinishika uso kwa mikono miwili akanichunguza, akauliza, "Ni wewe?" Nikamwambia ni mimi. Akafikiri. Akasema, "Haya."

Baba yake anaijua hiyo njia. Wifi haijui, na mwenyewe amesema asiambiwe. Hapa pia siiandiki.